Siku Moja Kyoto: Ukale wa Mti na Ukale wa Mkono

Utangulizi

Watu wengi wanaofika Japani kwa mkutano, kwa masomo ya muda mfupi au kwa biashara hupata siku moja tu ya mapumziko. Wengi huitumia siku hiyo Kyoto, mji uliokuwa makao ya wafalme wakuu wa Japani tangu mwaka 794 hadi mwaka 1869, mfalme alipohamia Tokyo. Kwa kuwa mji ni mpana na mahekalu yake ni mengi mno, mgeni hujiunga na ziara iliyokwisha pangwa. Hupanda basi pamoja na wageni wenzake, huongozwa na mtu mwenye kijibendera mkononi, na ifikapo jioni huwa ameviona vituo vitano au sita.

Wako wanaoidharau ziara ya namna hiyo. Husema kwamba mgeni hupita tu, wala hakai. Makala haya hayakusudii kuitetea wala kuilaumu. Yanakusudia kueleza jinsi ziara hiyo inavyokwenda, vituo vyake ni vipi, na hasa swali moja ambalo humjia mgeni makini kabla jua halijatua. Swali lenyewe ni hili: karibu kila jengo analoambiwa kuwa ni la kale liliwahi kuungua na kujengwa upya, je, alichokiona ni cha kale kweli? Tutaona kwamba jibu la Wajapani linatuhusu na sisi, watu ambao mababu zetu walijenga kwa miti, udongo na nyasi.

Kabla ya kuendelea, yafaa kutenganisha maneno mawili. Wajapani huita hekalu la Kibudha tera, neno ambalo katika majina ya mahali hutokea kama dera au ji. Mahali pa ibada ya Kishinto, yaani dini ya kienyeji ya Wajapani, huitwa jinja. Katika makala haya tutatumia neno hekalu kwa mahali pa Kibudha, na neno jinja kwa mahali pa Kishinto. Mgeni asiyejua tofauti hiyo atakosea hata adabu: penye jinja mwenye kusali huinama mara mbili, hupiga makofi mara mbili, kisha huinama tena mara moja, hekaluni hapigi makofi, huunganisha viganja vyake kimya.

1. Ziara na mwongozaji wake

Kyoto iko ndani ya bonde lililozungukwa na milima upande wa mashariki, kaskazini na magharibi. Mfalme Kanmu alipoanzisha mji huo aliufuatisha mpango wa Chang'an, mji mkuu wa China wa enzi zile: barabara zilinyooka na kukatana kama mistari ya ubao wa kuchezea. Mpango huo unaonekana hata leo, nao humsaidia dereva wa basi, kwani vituo vya ziara vimetawanyika kando ya mji, karibu na miguu ya milima, na katikati ni barabara zilizonyooka.

Wageni hukusanyika asubuhi penye stesheni kubwa ya gari-moshi. Mwongozaji huwahesabu, huwaonya juu ya saa, kisha hushika kijibendera chake na kutangulia. Kazi hiyo ina historia yake. Mwaka 1949, wakati Japani ilipokuwa ikijikokota kutoka katika maangamizi ya vita, sheria ilitungwa kwamba asiongoze wageni kwa malipo ila mtu aliyefaulu mtihani wa serikali wa lugha, historia na jiografia ya nchi. Sheria hiyo ililegezwa mwezi wa Januari 2018, hata leo asiye na cheti aweza pia kuifanya kazi hiyo, lakini mtihani ungalipo na wenye cheti wangali wakiheshimiwa. Mwongozaji hodari hujua mambo mengi kuliko anavyoweza kuyasema kwa dakika 40 za kituo kimoja. Kwa hiyo mgeni mwenye kuuliza hupata zaidi ya mgeni mwenye kupiga picha.

2. Asubuhi: ngome, dhahabu na mawe

Kituo cha kwanza huwa mara nyingi ngome ya Nijo. Tokugawa Ieyasu aliijenga mwaka 1603, mwaka uleule alipopata cheo cha shoguni, yaani jemadari mkuu aliyeitawala nchi kwa jina la mfalme. Yeye mwenyewe alikuwa na makao yake Edo, mji uitwao leo Tokyo. Ngome hii ilikuwa mahali pake pa kufikia alipokuja Kyoto, tena ilikuwa njia ya kumwonesha mfalme kwamba nguvu ziko kwa nani.

Mgeni huvua viatu mlangoni mwa jumba la Ninomaru, na humo ndani haruhusiwi kupiga picha. Vyumba vimepangwa kwa daraja. Watawala wa majimbo wasioaminiwa sana walipokelewa katika vyumba vya mbele. Jamaa na watumishi wa karibu waliingia ndani zaidi. Na shoguni mwenyewe alikaa juu ya sakafu iliyoinuliwa kidogo kuliko ya wageni wake. Kutembea ndani ya jumba hilo ni sawa na kusoma sheria za serikali ya wakati ule, ijapokuwa hapana hata neno moja lililoandikwa.

Sakafu ya ukumbi wake hulia kama ndege mtu anapoikanyaga. Waongozaji wengi husema kwamba ilitengenezwa hivyo kwa makusudi, ili adui anyemeleaye usiku asikike. Hadithi hiyo hupendwa sana na wageni. Hata hivyo, watunzaji wa ngome wenyewe hueleza kwamba sauti hutoka kwenye vyuma na misumari iliyo chini ya mbao, ambayo husuguana kwa kadiri mbao zinavyolegea. Hapa mgeni hupata fundisho la kwanza la siku: kinachosimuliwa na kilichopo si kitu kimoja daima. Fundisho la pili liko ukutani. Picha nyingi za misonobari, chui na ndege zilizochorwa na mafundi wa ukoo wa Kano, ambazo mgeni huzistaajabia vyumbani, ni nakala zilizochorwa upya kwa uangalifu. Za asili zimewekwa katika jumba la maonyesho palepale ngomeni, mbali na mwanga na unyevu. Katika jumba hilihili la Ninomaru, mwaka 1867, shoguni wa mwisho, Tokugawa Yoshinobu, alitangaza kwamba anaurudisha utawala kwa mfalme.

Kutoka Nijo basi huelekea kaskazini-magharibi, hadi Kinkaku-ji, yaani Hekalu la Banda la Dhahabu. Shoguni Ashikaga Yoshimitsu alipata mahali hapo mwaka 1397, akajenga makao ya uzeeni mwake; alipofariki mwaka 1408 pakawa hekalu la madhehebu ya Zen. Banda lina orofa tatu, na kila orofa ina mtindo wake: ya chini ni ya majumba ya makabaila wa kale, ya kati ni ya nyumba za mashujaa wa vita, ya juu ni ya mahekalu ya Zen yaliyofuata mtindo wa China. Orofa mbili za juu zimefunikwa kwa dhahabu, na juu ya paa anasimama ndege wa hadithi. Mbele yake ni ziwa dogo ambamo banda zima huonekana tena kichwa chini.

Wageni hupiga picha, husifu ukale wake, na huondoka. Ila banda hilo halijatimiza hata miaka 100. Usiku wa tarehe 2 Julai 1950, kijana mmoja mnovisi wa hekalu hilo alilitia moto, likateketea lote pamoja na sanamu zilizokuwamo. Tukio hilo liliushtua umma, na mwandishi Mishima Yukio alilitungia riwaya iliyotoka mwaka 1956. Banda lililopo lilikamilika mwaka 1955. Liliwezekana kujengwa kwa sababu miaka ya 1904 hadi 1906 lile la zamani lilitengenezwa, na mafundi wa wakati huo walichora kwa makini kila nguzo na kila kiungo. Kisha, kwa kuwa dhahabu ya mwaka 1955 ilikuwa nyembamba ikabanduka, mwaka 1987 ilimalizika kazi ya kulivika dhahabu nzito zaidi, yapata kilo 20.

Moto huo haukuwa wa kwanza kuwatia uchungu Wajapani wakati ule. Tarehe 26 Januari 1949, moto uliziharibu picha za ukutani za ukumbi wa Horyu-ji, hekalu la kale sana karibu na Nara. Kutokana na msiba huo ilitungwa sheria ya mwaka 1950 ya kulinda mali za utamaduni. Sheria hiyo ilikuwa na jambo jipya: pamoja na majengo na vitu, ilitambua pia maarifa na ustadi kuwa mali ya utamaduni. Tangu mwaka 1955 serikali huwateua watu wenye ustadi huo, wafinyanzi, wafumaji, wachezaji wa ngoma za jukwaani, ili waufundishe kwa vijana. Watu husema kwamba hao ni hazina za taifa zilizo hai. Kila mwaka, tarehe 26 Januari, mahekalu ya Japani hufanya mazoezi ya kuzima moto.

Kituo cha tatu hakiko mbali. Ni Ryoan-ji, hekalu lililoanzishwa mwaka 1450, likaungua katika vita vya Onin vilivyoiteketeza sehemu kubwa ya mji kati ya mwaka 1467 na 1477. Sifa yake ni bustani isiyo na mti wala ua: ni uwanja wa changarawe nyeupe iliyochanwa kwa reki, na juu yake yamepangwa mawe 15. Mgeni huketi barazani na kuyahesabu. Popote aketipo huhesabu 14. Akisogea, lililofichika hutokea, na jingine hujificha. Wataalamu wamebishana mno juu ya maana ya mawe hayo, na pia juu ya nani aliyeyapanga. Kwa mgeni wa siku moja, maana moja inatosha: hakuna mahali pamoja ambapo mtu huyaona yote.

3. Mji wa mbao uliosalimika

Wakati wa chakula cha mchana basi hupita katika mitaa yenye nyumba za mbao, nyembamba kwa mbele na ndefu kwa nyuma, zilizokuwa za wafanyabiashara. Hapo mgeni huuliza: mji wa mbao kama huu ulisalimikaje katika vita vya pili vya dunia, ilhali Tokyo na Osaka ziligeuka majivu? Waongozaji wengi hujibu kwa ufupi kwamba Wamarekani waliuhurumia kwa ajili ya uzuri wake. Jibu hilo lina ukweli ndani yake, lakini ni fupi kupita kiasi.

Kyoto ilishambuliwa mara chache mwaka 1945 na watu walikufa, ingawa haikuteketezwa kama miji mingine. Tena, mwezi wa Mei 1945 kamati ya Marekani iliyochagua shabaha za bomu la atomiki iliiweka Kyoto katika orodha yake. Aliyeiondoa ni waziri wa vita, Henry Stimson, ambaye alikuwa amewahi kuutembelea mji huo miaka ya 1920. Majemadari walimbishia zaidi ya mara moja; mwezi wa Julai aliipata kauli ya Rais Truman mwenyewe. Hoja yake haikuwa ya uzuri peke yake: aliogopa kwamba Wajapani hawatasamehe kamwe maangamizi ya mji huo. Ndipo Nagasaki ilipoongezwa katika orodha. Bomu la Hiroshima lilianguka tarehe 6 Agosti 1945, na la Nagasaki tarehe 9.

Msomaji wa Katanga hawezi kuipita habari hiyo kama mgeni. Sehemu kubwa ya urani iliyotumika katika kazi ya mabomu hayo ilitoka Shinkolobwe, machimbo yaliyo karibu na Likasi, mji ulioitwa Jadotville wakati wa ukoloni. Edgar Sengier, mkurugenzi wa Union Minière, alikuwa amekwisha kusafirisha zaidi ya tani 1,000 za mawe hayo hadi New York mwaka 1940. Wachimbaji hawakuambiwa yanakwenda kufanya nini. Hivyo mahekalu ya Kyoto yangeweza kuteketezwa kwa jiwe lililochimbwa kwa mikono ya baba zetu. Na hapa ipo tofauti ambayo lazima tuikumbuke katika sehemu zinazofuata. Moto wa mwaka 1950 uliliunguza banda, lakini maseremala walibaki, michoro ilibaki, nalo likajengwa tena. Bomu lingeliunguza banda na seremala pamoja. Hiroshima na Nagasaki ndizo zilizoonja jambo hilo mahali pa Kyoto.

4. Alasiri: sanamu, magome na milango myekundu

Baada ya chakula basi huvuka mji kwenda mashariki, hadi Sanjusangendo. Jina hilo lina maana ya ukumbi wa nafasi 33, kwa hesabu ya nafasi zilizo kati ya nguzo zake. Ni jengo la mbao lenye urefu wa yapata meta 120. Ndani yake zimesimama sanamu 1,000 za Kannon, mwenye huruma wa imani ya Kibudha, na katikati yao ameketi mmoja mkubwa. Kila sanamu ina uso wake. Watu husema kwamba mwenye kutazama kwa subira ataiona sura ya mtu anayetamani kuonana naye.

Ukumbi wa kwanza ulijengwa mwaka 1164 kwa ajili ya mfalme mstaafu Go-Shirakawa. Uliungua mwaka 1249, na katika moto huo watu waliweza kuokoa sanamu 124 tu. Nyingine zote zilichongwa upya na vizazi vya wachongaji katika karne ya 13. Yule mkubwa wa katikati alichongwa na Tankei, ambaye aliimaliza kazi hiyo mwaka 1254 akiwa mzee wa miaka zaidi ya 80. Jengo lililopo ni la mwaka 1266. Katika zama zetu, mafundi walianza mwaka 1973 kuzitengeneza sanamu hizo, chache kila mwaka, wakamaliza mwaka 2017. Kazi hiyo ilichukua muda wa miaka 45, na mwaka 2018 sanamu zote 1,001 zilitangazwa kuwa hazina ya taifa.

Kituo cha tano ni Kiyomizu-dera, kilichoanzishwa mwaka 778 penye chemchemi ya mlima Otowa. Hapa basi haliwezi kufika mlangoni. Mgeni hupanda kwa miguu njia yenye maduka pande zote mbili. Ukumbi mkuu ni wa mwaka 1633, uliojengwa baada ya moto kwa amri ya shoguni Tokugawa Iemitsu. Mbele yake kuna jukwaa lililotokeza nje ya mlima kwa kimo cha meta 13, likibebwa na nguzo ndefu za mti wa keyaki. Nguzo na mihimili yake imeunganishwa kwa kupenyezana, bila misumari. Wajapani wana msemo wa mtu kuruka kutoka jukwaa la Kiyomizu. Maana yake ni kukata shauri kubwa bila kurudi nyuma.

Kinachostahili kutazamwa sana Kiyomizu ni paa. Halikuezekwa kwa vigae. Limeezekwa kwa magome ya mti uitwao hinoki, aina ya saipresi, yaliyopangwa tabaka juu ya tabaka na kushikizwa kwa misumari ya mianzi. Paa hilo lilifumuliwa na kuezekwa upya kati ya mwaka 2017 na 2020, na wageni wa miaka hiyo waliukuta ukumbi umefunikwa kwa majukwaa ya ujenzi. Wengi walisikitika kwamba wamekosa picha. Lakini pengine wao ndio walioona jambo lenyewe. Magome hubanduliwa na mafundi wanaopanda miti iliyosimama, yenye umri wa miaka 70 au zaidi, kwa kamba na kwa kisu cha mti. Mti haufi, baada ya miaka kumi hivi huota gome jingine, ambalo ni bora kuliko la kwanza. Fundi wa kubandua akikosekana, paa la kale halina budi kuwa la bati. Ndiyo sababu mwaka 2020 UNESCO iliuandika ustadi wa Wajapani wa kutunza majengo ya mbao, pamoja na uezekaji huo, katika orodha ya urithi usioshikika.

Jua linapoelekea kutua, basi huteremka kusini hadi Fushimi Inari, jinja ambayo kwa mapokeo ilianzishwa mwaka 711. Inari ni mungu wa mpunga, na siku hizi hata wa biashara. Wajumbe wake ni mbweha, na sanamu zao za mawe zimekaa kila mahali. Nyuma ya ukumbi huanza njia ya kupanda mlima wenye kimo cha meta 233, nayo imefunikwa kwa maelfu ya milango ya mbao iliyopakwa rangi nyekundu ya machungwa. Kila mlango umetolewa na mtu au kampuni fulani kwa shukrani au kwa ombi. Jina la mtoaji na tarehe vimeandikwa upande wa nyuma, na huonekana na mtu anayeteremka. Mbao huoza kwa mvua na mchwa, na milango mibovu huondolewa ili mipya isimikwe. Njia haikosi milango mipya wala mikongwe. Akiuliza njia ni ya kale, jibu ni ndiyo. Akiuliza mlango gani ni wa kale, huenda asiupate.

5. Ukale uko wapi?

Sasa tunaweza kulirudia swali letu. Kati ya vituo sita vya siku hiyo, vinne, yaani Nijo, Kinkaku-ji, Ryoan-ji na Kiyomizu-dera, vimo katika mahali 17 pa Kyoto ya kale palipoandikwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia mwezi wa Desemba 1994. Mpaka wakati huo, mawazo ya Ulaya ndiyo yaliyotawala katika kupima majengo ya kale. Mkataba wa Venice wa mwaka 1964 uliandikwa na watu ambao kwao jengo la kale ni la mawe. Jiwe huvumilia, kwa hiyo uasilia wa jengo ulitafutwa kwanza katika jiwe lenyewe. Kwa kipimo hicho jengo la mbao lililobadilishwa nguzo na paa mara nyingi lina mashaka, na lililojengwa upya kabisa ni mfano tu.

Mwezi wa Novemba 1994 wataalamu 45 kutoka nchi 28 walikutana Nara, mji mkuu wa Japani kabla ya Kyoto, wakalijadili jambo hilo. Waraka walioutoa ulisema kwamba uasilia hauwezi kupimwa kwa kipimo kimoja kwa mataifa yote. Kila utamaduni upimwe ndani ya mazingira yake. Na pamoja na vifaa, zitazamwe sura ya jengo, matumizi yake, mapokeo na ufundi wake, mahali pake, na roho yake. Mfano ambao watu huutaja mara nyingi ni jinja kuu ya Ise, isiyokuwamo katika ziara ya Kyoto. Hujengwa upya kila baada ya miaka 20, mapokeo yaliyoanza mwaka 690. Mara ya 62 ilikuwa mwaka 2013, na inayofuata inatazamiwa mwaka 2033. Muda huo wa miaka 20 unafaa kwa mafunzo: seremala huja kwanza kijana wa kubeba mbao, mara ya pili ni fundi, na mara ya tatu ni mzee anayeelekeza. Hata hivyo tusifikiri kwamba mapokeo hujiendesha yenyewe. Vita vya karne ya 15 na ya 16 viliikatiza kazi ya Ise kwa zaidi ya miaka 120, na ilibidi watu waianzishe tena kwa juhudi.

Lugha yetu inatusaidia kulielewa wazo hilo. Neno asili limetoka katika Kiarabu, na maana yake ya kwanza ni mzizi. Mtu akisema kitu ni cha asili hasemi lazima kwamba mbao zake ni zilezile. Asema kwamba kimeota katika mzizi uleule. Gome la hinoki hubanduliwa, na mti husimama. Ndivyo ilivyo kwa paa la Kiyomizu: magome yake yana miaka michache tu, ilhali mkono uliyoyapanga umefundishwa na mkono mwingine, nao na mwingine, bila kukatika.

Fikira hiyo imekwisha kupita mipaka ya Japani na kufika jirani yetu. Huko Kasubi, Kampala, yako makaburi ya wafalme wa Buganda. Jumba lake kubwa la nyasi lilijengwa mwaka 1882 na Kabaka Mutesa wa Kwanza, nalo likaandikwa katika urithi wa dunia mwaka 2001. Tarehe 16 Machi 2010 liliteketea kwa moto. Japani, kwa njia ya UNESCO, ilichangia fedha na wataalamu, hasa katika kinga ya moto. Uezekaji wenyewe haukuweza kufanywa na Mjapani wala na mgeni yeyote, kwa kuwa kwa mila ya Buganda kazi hiyo ni ya ukoo wa Ngeye. Kazi ilikuwa ndefu, na sababu moja ni kwamba waliojua mambo yote ya uezekaji huo walikuwa wachache na wenye umri mkubwa; ikabidi vijana wafundishwe kwanza. Mwaka 2023 Kasubi iliondolewa katika orodha ya urithi ulio hatarini.

Hitimisho

Ziara ya siku moja haiwezi kumfundisha mtu Kyoto. Mwaka 2024 wageni zaidi ya milioni 36 waliingia Japani, na wingi wao umewaelemea wenyeji wa mji huo: mabasi hujaa, na mwaka huohuo mtaa wa Gion uliwazuia watalii kuingia katika vichochoro vyake vya watu binafsi. Anayekwenda huko aende kwa adabu ya mgeni, asimfukuze mwenyeji kwa kamera.

Hata hivyo siku moja yatosha kwa mtu anayejua la kuuliza. Tunapendekeza maswali matatu penye kila kituo. La kwanza: jengo hili liliungua lini? La pili: nani alijua kulijenga tena, naye alijifunza kwa nani? La tatu: leo hii, nani anajifunza kwake? Mwongozaji hodari atafurahi kuulizwa hivyo, kwa maana wageni wengi huishia kwenye swali la bei na la choo.

Na maswali hayo matatu hayahitaji nauli ya kwenda Japani. Yaweza kuulizwa penye nyumba ya mwisho ya nyasi katika kijiji chochote chetu, kabla mzee aliyeiezeka hajafariki. Tusingoje moto ndipo tuulize.